Kabla ya The Simpsons kulikuwa na Tracey Ullman (uzi mrefu kidogo, kaeni mkao wa kusoma)

Kibarazani (mleta uzi):

Wanajamvi, salaam.

Mwezi hauishi humu bila mtu kuleta uzi wa "The Simpsons walitabiri hili". Mara Trump, mara sijui nini. Tunabishana kurasa na kurasa, watu wanatukanana, uzi unafungwa. Leo naomba utabiri tuuweke kando, tumzungumzie mwenye nyumba. Maana ile familia ya manjano ya katuni ya Kimarekani haikuanza na kipindi chake yenyewe. Iliingia kama mpangaji kwenye kipindi cha mwanamke mmoja Mwingereza, ikatoka pale ikawa tajiri kuliko mwenye nyumba, na mwenye nyumba alipodai chake akaishia mahakamani, akashindwa.

Anaitwa Tracey Ullman. Kwa maoni yangu hakuna aliyemzidi kwa kuiga watu kwenye televisheni ya Kiingereza, na hoja hiyo nitaitetea hadi mnichoke. Si mchekeshaji wa kusimama na maiki na kusimulia mambo ya ndoa yake. Ukimpa jukwaa akiwa yeye mwenyewe, anakuwa mama wa kawaida tu mwenye maneno mengi. Mpe wigi, meno ya bandia na lafudhi ya mtu, hapo ndipo utamtafuta Tracey usimwone.

Naweka kwa sehemu. Maswali yaje, matusi yabaki kwenye nyuzi za mpira.

SEHEMU YA KWANZA

Kazaliwa tarehe 30 Desemba 1959 huko Slough, magharibi mwa London. Baba Mpolandi aliyewahi kuwa askari, mama Mwingereza. Tracey akiwa na miaka 6 tu, baba akafariki kwa ugonjwa wa moyo, na alifariki akiwa anamsomea binti yake. Hilo amelisimulia mwenyewe kwenye mahojiano.

Mama akabaki na watoto wawili wa kike, fedha hakuna, furaha hakuna. Basi usiku wale mabinti wakawa wanamwigizia mama chumbani kwake, jukwaa likiwa kizingiti cha dirisha. Wanaiga waimbaji, wanaiga majirani. Kipindi hicho cha chumbani kilikuwa na jina la dada mkubwa, si la Tracey. Yeye baadaye akawa anatania kwamba mwanzoni alikuwa nyongeza tu kwenye kipindi cha dada yake. Likumbukeni hilo tukifika kwa kina Homer, yaani hao The Simpsons.

Mama akaolewa tena, familia ikaanza kuhamahama. Shule mpya, watoto wapya, na kila mahali wanazungumza kwa namna yao. Sasa kwa wasioijua Uingereza: kule mtu akifungua mdomo tu, wenzake wameshakisia kazaliwa wapi, kasoma wapi na baba yake alikuwa na kazi gani. Mtoto mgeni mwenye lafudhi ya kwingine ni windo. Tracey akajifunza kuzungumza kama wenyeji kabla hawajamgeukia. Watu huwa wanasema ana kipaji cha kuiga. Kipaji kipo, sikatai, lakini kile kilianza kama kinga.

Mwalimu mkuu mmoja akaona mtoto huyu si wa darasa la kawaida, akashauri apelekwe shule ya sanaa. Akiwa na miaka 12 akapata ufadhili Italia Conti, shule maarufu ya uigizaji London. Akiwa na 16 tayari yuko Berlin anacheza dansi kwenye onyesho la Gigi. Akarudi, akaingia kwenye kundi la wacheza dansi, na kazi ile ikaisha siku aliyopanda jukwaani akiwa amesahau kuvaa nguo ya ndani. Si utani wa kwangu huo, ni wake.

Nakuja na ya pili.

---

Tairi Kipara:

Natia kambi hapa. Lakini mkuu, hiyo ya nguo ya ndani ungeieleza zaidi, umeiruka kama mwanasiasa anavyoruka swali.

---

Msomaji Kimya:

Mimi namjua huyu mama kwa wimbo. Kumbe ni mchekeshaji?

---

Kibarazani:

@Msomaji Kimya, ndiyo huyo huyo. Wimbo nitaufikia sasa hivi.

SEHEMU YA PILI

1981 akaigiza kwenye tamthilia iitwayo Four in a Million, ukumbi wa Royal Court, London. Ilikuwa kazi ya kubuni papo hapo na waigizaji wenyewe. Wahakiki wa tamthilia wakampa tuzo ya mwigizaji chipukizi. BBC nao wakanusa harufu, mwaka huo huo akawekwa kwenye kipindi cha vichekesho cha Three of a Kind pamoja na Lenny Henry na David Copperfield (si yule mwanamazingaombwe, ni jina tu limegongana).

Zama zile mwanamke kwenye vichekesho vya televisheni alikuwa pambo. Anaingia na nguo fupi, mwanamume anatoa macho, watazamaji wanacheka, anatoka. Tracey hakutaka kuwa muuguzi wa kuchunguliwa. Alitaka yeye ndiye awe kichekesho, awe mbaya, mzee, mlevi, mwenye meno mabovu. 1984 akapata BAFTA, tuzo kubwa ya televisheni ya Uingereza.

Muziki ulikuja kama ajali ya bahati. Lebo ya Stiff Records ikamchukua, na 1983 They Don't Know ikafika namba 2 Uingereza, mwaka uliofuata ikaingia kumi bora Marekani. Wimbo ni wa mwimbaji Kirsty MacColl, ambaye aliutoa mwanzo mwaka 1979 bila mafanikio. Ule mlio wa "baby" unaopanda juu katikati ya wimbo, watu wengi hawajui kwamba ni sauti ya MacColl mwenyewe, kwa sababu Tracey hakuweza kufika kule. Kwenye video yake Paul McCartney anaonekana mwishoni akiendesha gari. Na kwenye video ya wimbo mwingine, My Guy, aliyeonekana ni Neil Kinnock, ambaye wakati huo alikuwa kiongozi wa chama cha Labour na wa upinzani bungeni. Fikiria kiongozi wa upinzani anakubali kuonekana kwenye video ya msichana wa vichekesho. Huyu mama na wanasiasa ni mambo ya siku nyingi.

1985 akawa kwenye kipindi cha vichekesho cha Girls on Top na Dawn French, Jennifer Saunders na Ruby Wax. Sitakaa hapo sana. Alitoka mapema, na ukiitazama leo unaona kabisa mawazo yake yako kwingine. Alikuwa ameshaolewa na Allan McKeown, mtayarishaji wa vipindi, tangu mwishoni mwa 1983, na mume alikuwa na shughuli Los Angeles. Wakahamia.

---

Ndege Mjanja:

Mkuu, mimi bado nasubiri The Simpsons. Maana kusema eti ilitoka kwenye kipindi cha mwanamke mmoja naona kama chai. Iliyoandikwa kila mahali ni Matt Groening.

---

Kibarazani:

@Ndege Mjanja, aliyewachora ni Groening, hakuna anayebisha. Swali ni waliwekwa wapi. Soma chini.

SEHEMU YA TATU: manjano

Kufika Marekani, Ullman akakutana na James L. Brooks, mmoja wa watu wazito wa televisheni kule. Brooks alipoona kanda zake akasema huyu apewe kipindi kizima. Wakati huo Fox ilikuwa mtandao wa televisheni mchanga, ndio kwanza unataka kushindana na wakongwe ABC, CBS na NBC. Tarehe 5 Aprili 1987 Fox ilipoanza kurusha vipindi vya jioni, The Tracey Ullman Show kilikuwa miongoni mwa viwili vya kwanza. Kingine kilikuwa Married... with Children.

Muundo wake: vipande vifupi vya maigizo, muziki, dansi. Aliyepanga dansi ni Paula Abdul, kabla hajawa yule mwimbaji Paula Abdul mnayemjua. Kila mwisho wa kipindi Tracey anatoka amevaa joho la kuogea, anapiga soga kidogo na watazamaji waliokuja studio, kisha anawafukuza waende makwao huku anacheza.

Kati ya kipande na kipande kulihitajika kitu cha kuziba pengo wakati anabadilishwa sura. Kubadilisha sura kunakula muda, wakuu. Brooks akamwita Groening, aliyekuwa mchora katuni wa magazeti. Groening alitegemewa alete katuni yake ya siku zote, akahofia kupoteza haki zake juu yake, akachora familia mpya akiwa anasubiri kuingia ofisini. Majina akayachukua nyumbani kwao: baba yake Homer, mama Margaret, dada zake Lisa na Maggie. Katuni ya kwanza ikaruka tarehe 19 Aprili 1987. Zilitoka 48 kwa jumla, kila moja ya dakika moja au mbili.

Sauti je? Fox walikuwa na waigizaji wawili tayari wanalipwa, wanaocheza na Tracey kila wiki: Dan Castellaneta na Julie Kavner. Wakaambiwa wafanye na sauti za katuni. Ndio Homer na Marge hadi leo. Kwa hiyo @Ndege Mjanja, mchoraji, mtayarishaji na sauti za baba na mama, wote walikutania chini ya paa la Ullman.

Desemba 1989 The Simpsons wakapewa kipindi chao. Mwaka huo huo kipindi cha Ullman kilikuwa kimeleta tuzo ya kwanza kabisa ya Emmy (tuzo kubwa za televisheni Marekani) katika historia ya mtandao wa Fox. Mei 1990 kipindi cha mama kikafika mwisho. Watoto wakabaki, na fulana, vikombe na wanasesere wao wakajaa madukani.

1991 Ullman akaenda mahakamani dhidi ya studio, 20th Century Fox. Hoja yake: mkataba wangu unanipa sehemu ya mapato ya bidhaa zitokanazo na kipindi changu, hawa wametokana na kipindi changu, nipeni. Alidai kama dola milioni 2.5. Studio ikasema hawa ni kitu kingine na wewe hukuchangia kuwatengeneza. Brooks, rafiki na mlezi wake wa kazi, akasimama upande wa studio. 1992 mahakama ikaipa studio ushindi.

Hapa ndipo ninapompendea. Kesi ikiwa bado inaendelea alikuwa anafanya filamu na Brooks huyo huyo. Na mwaka huo huo wa 1991 The Simpsons walimwalika aweke sauti kwenye kipindi chao, kile cha mbwa wa Bart, mtoto wa Homer, kupelekwa shule. Akaenda, akafanya mwalimu wa mbwa, Mwingereza mkali kama pilipili. Mama anaingia nyumba ya watoto kama mgeni! Kuhusu kina Simpson aliwahi kutania kwamba yeye ndiye aliyewanyonyesha mashetani wale wadogo.

---

Ndege Mjanja:

Hapo kwa Castellaneta na Kavner umenifunga. Naondoa neno chai.

---

Wakili wa Mtaa:

Niongeze kidogo upande wa mkataba, maana watu huwa wanasoma kesi kama hizi kwa hisia. Kosa halikuwa la kudai. Kosa liko kwenye lugha ya mkataba. Mwigizaji anaposaini "bidhaa zitokanazo na kipindi", kila upande una picha yake kichwani. Studio inafikiria wanasesere wa mwigizaji mwenyewe, mwigizaji anafikiria chochote kilichopita ndani ya kipindi. Siku ya kusaini wote wanacheka na kupiga picha. Mkanganyiko hauonekani mpaka fedha zionekane.

Na angalizo la pili: 1987 nani angepoteza muda kubishania katuni ya dakika moja? Wakili wake angeonekana kichaa.

---

Tairi Kipara:

Sasa mawakili mtatuharibia uzi. Endelea mkuu.

---

Kibarazani:

@Wakili wa Mtaa, nakazia. Na angalia alichofanya baada ya pale, ndiyo sehemu inayofuata.

SEHEMU YA NNE: HBO

Aliachana na biashara ya kuajiriwa kwenye kipindi chenye jina lake. Mume wake Allan akawa mtayarishaji, wakaanzisha kampuni, na vipindi vikatengenezwa nyumbani kisha vikapelekwa kwa kituo. 1993 wakatoa viwili vya majaribio: kimoja cha Uingereza, Tracey Ullman: A Class Act, alichocheza na Michael Palin, chote kikiwa juu ya tabaka za Waingereza, kingine cha HBO, kituo cha kulipia cha Marekani, kuhusu New York. Hicho cha pili kikazaa Tracey Takes On..., 1996 hadi 1999, vipindi 65. 1997 kikabeba Emmy ya kipindi bora cha aina yake.

Kila kipindi kina mada moja. Mapenzi, umaarufu, fedha, dini, kifo. Mada moja, wahusika wale wale, kila mmoja anaichambua kutoka alipoketi. Wote ni yeye. Kuna Kay, karani wa benki Mwingereza asiyeolewa, anamuuguza mama yake miaka nenda rudi na hathubutu kulalamika hadharani. Kuna Ruby Romaine, bibi mpaka vipodozi wa Hollywood, kinywa kichafu, amewahi kuwapaka mastaa wote na kila mmoja ana siri yake. Kuna Fern, mama wa Kiyahudi wa New York anayemwingilia kila mtu. Kuna Chic, dereva wa teksi mwenye asili ya Mashariki ya Kati, kifua wazi, mikufu, anajiona ndiye mwanamume wa mwisho duniani. Kuna Trevor, mhudumu wa ndege. Ndiyo, wanaume hao anawacheza yeye, na ukiachiwa tu bila kuambiwa, hujui.

Ukitaka kuona kazi yake kwa karibu, mtazame Kay anaponyamaza. Mchekeshaji wa kawaida akiigiza mwanamke mpweke atatia chumvi: atalia, ataanguka, atafanya macho. Yeye anaminya midomo tu, anarekebisha sweta, anasema jambo la adabu sana kuhusu hali ya hewa. Unacheka, halafu kicheko kinakukwama kooni kwa sababu unamjua mtu kama huyo.

Ndiyo maana nasema tashtiti yake ni ya aina nyingine. Wengine wanamkejeli rais kwa sababu ni rais. Ullman anamkejeli mtu kwa ile picha anayojichorea mwenyewe kichwani. Chic anajiona simba, Kay anajiona hana shida yoyote. Kichekesho kinakaa pale picha na mtu vinapoachana.

---

Mama Kalamu:

Mwanangu umeandika vizuri, lakini umeruka jambo na mimi sitaliacha. Kwenye hicho kipindi cha HBO kulikuwa na mwanamke wa Kiasia, mwenye duka la donati, na mwanamke mweusi wa usalama wa uwanja wa ndege. Wote kachezwa na huyo huyo Mwingereza mweupe, kapakwa rangi na kubandikwa uso. Makundi ya Wamarekani wenye asili ya Asia yalilalamika wakati ule ule, si leo. Tusiseme "zama zilikuwa hivyo". Waliokuwa wanaumia walisema, hawakusikilizwa.

Na kama hoja yako ni kwamba anajua kuwaingia watu, nauliza: waigizaji wa Kiasia na weusi waliokuwa wanatafuta kazi mwaka 1996 wangepewa nafasi ya kumwingia yeye?

---

Kibarazani:

@Mama Kalamu, shikamoo mama. Swali la mwisho halina jibu zaidi ya hapana. Nitasema upande wangu, kisha unihukumu.

Mwanamke wa uwanja wa ndege naona aliandikwa kwa upendo, ana akili kuliko abiria wote anaowapekua. Yule wa donati hapana, pale alicheza lafudhi badala ya mtu, na yeye ambaye ustadi wake ni kuona mtu nyuma ya lafudhi, hapo alishindwa kazi yake mwenyewe. Jambo moja la kuzingatia ni kwamba aliendelea na mtindo huo hata kwenye State of the Union ya kituo cha Showtime cha Marekani, 2008 hadi 2010: mfamasia mwenye asili ya Asia Kusini anayeimba na kucheza kama filamu za Kihindi, tena mwanamke mweusi wa usalama wa uwanja wa ndege. Lakini aliporudi BBC mwaka 2016 hao hawakuonekana tena.

---

Mama Kalamu:

Marahaba. Mtu nyuma ya lafudhi, hapo tumekutana. Lakini hata huyo uliyesema kaandikwa kwa upendo, upendo wa mwandishi haumpi kazi mwigizaji aliyekaa nyumbani. Endelea.

---

Msomaji Kimya:

Hiyo State of the Union sijawahi kuisikia. Ni nzuri?

---

Kibarazani:

@Msomaji Kimya, ina juu na chini. Desemba 2006 alipata uraia wa Marekani akabaki na wa Uingereza pia, na kipindi kile ni kama mwananchi mpya anayeitazama nchi yake kuanzia asubuhi hadi usiku, kutoka jimbo moja hadi jingine. Aliwaigiza watu halisi pia, kama Arianna Huffington wa gazeti la mtandaoni la Huffington Post na mwanasiasa Nancy Pelosi. Vipande ni vifupi mno, mhusika anaondoka kabla hujamzoea. Mimi naipenda HBO zaidi.

SEHEMU YA TANO: kurudi nyumbani

Mume wake Allan alifariki Desemba 2013 kwa saratani ya tezi dume, siku chache kabla ya kutimiza miaka 30 ya ndoa. 2015 mama yake naye akafariki, nyumba ilishika moto. Januari 2016 BBC One ikaanza kurusha Tracey Ullman's Show, kazi yake ya kwanza na BBC baada ya miaka kama thelathini.

Nilidhani atarudi na heshima za mtu mzima. Kumbe! Alimchukua Judi Dench, mwigizaji ambaye Uingereza nzima inampenda kama bibi wa taifa, akamfanya mhalifu. Dench wa Ullman anaiba dukani, anaharibu vitu vya watu, na akikamatwa anatabasamu tu, kila mtu anayeyuka. Nani atamshitaki Judi Dench? Halafu Angela Merkel, kansela wa Ujerumani wakati huo: si kansela wa chuma, ni mwanamke anayeamini kabisa kwamba viongozi wenzake wanaume hawana usingizi kwa uzuri wake, na inabidi ajizuie asiwape matumaini. Nicola Sturgeon, kiongozi wa Scotland wakati huo, akafanywa jambazi la filamu za ujasusi lenye mipango ya siri. Mnaona ni ile ile ya Chic? Picha ya kichwani dhidi ya mtu.

Sasa niwaeleze kipande kimoja kilichozunguka sana mitandaoni 2017. Mwanamume kavaa suti nzuri, yuko kituo cha polisi, ametoka kuibiwa kwa kisu. Kachukuliwa simu na saa. Ofisa wa upelelezi, mwanamke, ndiye Ullman. Anamsikiliza kwa huruma, kisha anauliza: ndivyo ulivyokuwa umevaa? Yule bwana anajitazama, haelewi. Ofisa anamwambia anaonekana tajiri kwa namna ya kuchokoza. Halafu anauliza kama alikuwa amekunywa. Kila swali linatoka kwa upole, ndilo linalochoma zaidi, hakuna anayepaza sauti isipokuwa mwathirika mwenyewe.

Neno ubakaji nadhani halikuhitajika hata mara moja kwenye kipande kile, kila mtazamaji alijua tunaongelea nini.

Juni 2017, baada tu ya uchaguzi mkuu wa Uingereza, wakaanzisha Tracey Breaks the News, kipindi kinachoandikwa na kurekodiwa karibu kabisa na siku ya kurushwa ili habari iwe bado moto. Theresa May, waziri mkuu wa wakati huo, alikuwa chakula chake cha kila siku. Hata Rupert Murdoch alimcheza, na hapo kumbukeni kwamba Murdoch ndiye aliyekuwa mwenye Fox, studio na mtandao, wakati wa ile kesi. Sijui kama alimchagua kwa sababu hiyo. Mimi ningemchagua kwa sababu hiyo.

---

Wakili wa Mtaa:

Hapo kwa Murdoch nimecheka peke yangu ofisini. Mahakama ikikunyima haki, tafuta wigi.

---

Tairi Kipara:

Umeupiga mwingi mkuu. Swali: ukiacha kuiga watu, uigizaji wa kawaida anauweza? Maana waigaji wengi ukiwapa filamu ya kweli wanakauka.

---

Kibarazani:

@Tairi Kipara, swali zuri, na jibu si la moja kwa moja. Filamu za kuwa nyota mkuu hazikumkubali sana. 1990 alikuwa na Kevin Kline kwenye I Love You to Death, mke anayejaribu kumuua mume bila mafanikio. Ni nzuri kuliko inavyosemwa. Mwaka huo huo alicheza Shakespeare bustanini Central Park, New York, pamoja na Morgan Freeman, tamthilia ya mwanamke mkorofi na mume anayetaka kumfuga, wakaihamishia kwenye Marekani ya wachunga ng'ombe. Woody Allen akamchukua kwenye Small Time Crooks, 2000.

Kinachomfaa ni kuingia kazi ya mtu mwingine, akavuruga, akatoka. Kwenye tamthilia ya televisheni ya Ally McBeal alikuwa mtaalamu wa saikolojia mwenye vituko kuliko mgonjwa, akapata Emmy ya mwigizaji mgeni 1999. Zote kwa jumla anazo Emmy saba. Kwenye Into the Woods ya 2014 ni mama yake Jack. 2020 alikuwa Betty Friedan kwenye tamthilia ya Mrs. America, mwanamama wa harakati za haki za wanawake, na hapo hakuna kuchekesha: ni mwanamke aliyeanzisha jambo, sasa anaona vijana wanalichukua na kamera zinawafuata wao. Aliteuliwa kuwania Emmy. Ukikumbuka habari ya The Simpsons unaelewa kwa nini alijua kukicheza kile kijicho.

Na kwa wanaopenda kucheka bila breki, tafuteni Irma Kostroski, diwani aliyemcheza kwenye Curb Your Enthusiasm kuanzia 2021. Larry David, mhusika mkuu wa kipindi hicho, anahitaji sheria ya uzio wa bwawa la kuogelea ifutwe, na njia pekee ni kumtongoza huyo mama asiyevumilika. Sauti yake tu ni adhabu.

---

Msomaji Kimya:

Nianzie wapi mkuu? Usinipe orodha ndefu, nipe kimoja.

---

Kibarazani:

Tracey Takes On..., msimu wa pili kwenda mbele. Ukimaliza mtafute yule polisi wa 2017, ni dakika chache tu.

---

Mama Kalamu:

Na mimi nasema aanze na Mrs. America. Hizo za HBO ataangalia akishajua ni nani anayemtazama.

---

Ndege Mjanja:

Mimi narudi kutazama kile cha mbwa wa Bart. Nimekiona tangu utotoni na sikuwahi kujua yule mwalimu ni nani.